Kinjikitile Ngwale na Maji ya Ngarambe



Mwezi huu tunaeleza maisha ya mtu ambaye hakuwa Mkristo, wala hakukaa hapa Ifakara. Lakini neno lake lilifika hapa, na watu wengi wa bonde hili walikufa kwa ajili ya neno hilo. Mtu huyo ni Kinjikitile Ngwale wa Ngarambe. Vijana waliosoma tamthiliya ya Ebrahim Hussein, iliyotolewa mwaka 1969, wanamjua kwa jina la Kinjeketile. Wazee wetu walimjua kwa jambo moja tu, nalo ni Maji.

Huenda mtu akauliza: Habari za mganga zina kazi gani katika gazeti la kanisa? Jibu ni kwamba Kinjikitile aliwajibu watu swali ambalo kila nyumba katika mtaa wetu huliuliza shida inapoingia: Kesho kutakuwaje, na nifanye nini nisidhurike? Tukisema kweli mbele za Mungu, wengi wetu tumekwisha kulipeleka swali hilo mahali pengine usiku, kisha tukaja kanisani asubuhi. Basi na tumtazame mtu huyu bila dharau na bila kumpamba, ili tupate faida.

KUTAFUTA HABARI ZA KESHO

Uaguzi ni jambo la kale sana. Nabii Ezekieli, katika sura ya 21, anatuonyesha mfalme wa Babeli amesimama penye njia panda. Njia moja yaenda Raba, mji wa Waamoni, na ya pili yaenda Yerusalemu. Mfalme hajui ashike ipi. Basi anatikisa mishale, anaziuliza sanamu zake, tena anatazama ini la mnyama. Kule Babeli kazi hii ilikuwa elimu kamili. Waaguzi walitengeneza maini ya udongo wa mfinyanzi yenye alama na maandishi, ili wanafunzi wajifunze kila alama ina maana gani, na baadhi ya maini hayo yamehifadhiwa katika majumba ya makumbusho mpaka leo. Warumi nao, pamoja na nguvu zao zote, walikuwa na watu wa kutazama matumbo ya wanyama wa sadaka kabla ya kwenda vitani.

Wala si mbali na kwetu. Kaskazini ya Kenya, wazee wa Waturkana hutandaza utumbo wa mbuzi na kuusoma kama mtu asomavyo ramani. Usukumani mfumu humpasua kuku na kutazama ndani yake. Hapa bondeni petu twakaa Wandamba, Wapogoro, Wambunga, Wabena, Wahehe na Wangindo, tena ndugu zetu Wasukuma waliohamia na ng'ombe wao, na kila watu walikuja na njia zao: huyu bao, huyu ramli, huyu kuku.

Kuna jambo moja katika kazi hii ambalo nataka mlishike, maana tutalirudia. Uaguzi haushindwi kamwe. Jibu likitokea kuwa kweli, mwaguzi husifiwa. Likitokea kuwa uongo, kosa si lake: mnyama alikuwa na ila, au mwenye shida alificha jambo, au mmoja wa nyumbani alivunja mwiko. Kwa hiyo mtu hutoka hapo amepungukiwa na kuku, na juu ya hayo amebebeshwa hatia.

Kinjikitile hakutazama ini wala utumbo. Yeye alisema kwa nguvu za pepo wa majini. Lakini swali la watu waliomwendea lilikuwa lile lile la mfalme wa Babeli penye njia panda.

MTO WETU UENDAKO

Kila mtoto wa Ifakara anaujua mto Kilombero, lakini si kila mtu anafikiri maji yale huenda wapi. Hutelemka mpaka yanapokutana na mto Luwegu, na hapo pamoja hufanya mto mmoja mkubwa uitwao Rufiji, unaokwenda mpaka baharini. Huko Rufiji, mahali paitwapo Kibesa, watu wa zamani walimwendea Bokero. Walimheshimu kama mwenye mvua na mwenye rutuba ya mashamba, nao walisafiri kutoka mbali kupeleka zawadi zao ukame ulipokuwa mkali. Basi kabla ya vita, watu wa nchi nyingi walikuwa wamekwisha kuzoea kuelekea upande ule wakiwa na haja kubwa.

Kinjikitile alikaa Ngarambe, upande wa magharibi wa milima ya Umatumbi, nchi ambayo sasa imo katika Wilaya ya Rufiji. Alikuwa na wake na watoto. Hakuwa mtu wa ukoo wa kutawala, wala hakuwa tajiri. Alikuwa mkulima kama majirani zake, na shida zao zilikuwa zake.

Shida hizo zilikuwa kubwa. Serikali ya Wajerumani ilianza kutoza kodi ya nyumba mwaka 1898. Kisha kuanzia mwaka 1902 Gavana von Götzen aliamuru kulimwe mashamba ya pamba ya pamoja katika sehemu za pwani na kusini. Kila jumbe alipaswa kuwa na shamba, na watu wake walipaswa kulilima. Sheria ilitaja siku 28 kwa mwaka, lakini kazi ilipita hapo. Msimamizi alisimama na kiboko. Mtu alipalilia pamba ya serikali huku mtama wake mwenyewe ukimezwa na majani na kuliwa na nguruwe. Mwisho wa msimu alipewa senti chache mno, na wengine waliona haya hata kuzipokea. Tusisahau jambo hili tunapomhukumu Kinjikitile. Nira ile haikuwa ya kubuni. Ilikuwa juu ya shingo za watu kweli.

SIKU ALIYOINGIA MAJINI

Habari hii imehifadhiwa kwa sababu mwaka 1968 wanafunzi wa chuo kikuu cha Dar es Salaam walipita vijijini kuwauliza wazee, na wazee waliwaeleza waliyoyaona na waliyoyasikia. Hivi ndivyo walivyosimulia.

Ilikuwa mwaka 1904. Asubuhi, kama saa tatu, jamaa ya Kinjikitile walikuwa wameketi nje wakiota jua. Mara wakamwona anakwenda kwa tumbo chini, mikono ameinyosha mbele. Wake zake na watoto wake wakaishika miguu yake ili kumrudisha, naye akapiga kelele kuwa wanamwumiza na wamwache. Akaendelea mpaka akaingia katika kidimbwi cha maji, akazama. Waliojua kuogelea wakapiga mbizi, wasione kitu. Jamaa wakalala pale ukingoni usiku kucha wakingojea, maana walisema kama amekufa wataiona maiti yake, na kama amechukuliwa na pepo atarudishwa. Kesho yake, saa ile ile, akatoka mzima, na nguo zake zilikuwa kavu. Tangu siku ile akaanza kutabiri. Pepo aliyekuwa naye aliitwa Hongo, na watu walisema kuwa huyo ni mtumishi wa Bokero.

Ndivyo wazee walivyosimulia, nami nasimulia kama walivyosema. Mkristo si lazima aamini kuwa nguo zilikuwa kavu. Lakini ni lazima aelewe kuwa jirani zake waliamini, na mara watu wakaanza kumiminika Ngarambe.

Kinjikitile alijenga nyumba kubwa ya kuwasiliana na mizimu. Aliwafundisha watu kuwa wafu wao hawakupotea, ila wako kwa Bokero, nao watarudi. Aliwafundisha pia jambo ambalo hakuna jumbe wala sultani wa kusini aliyeweza kulifundisha kabla yake: kwamba Mmatumbi, Mkichi, Mpogoro na Mngindo ni watu wa nyumba moja, na wasiogopane tena. Kisha akatoa dawa. Ilikuwa maji yaliyochanganywa na mafuta ya mbarika na mtama. Mtu alinyunyiziwa, au alikunywa, au alichukua kidogo katika kijiti cha tete akakivaa shingoni. Aliyeyapata aliambiwa kuwa risasi za Mjerumani zitageuka kuwa maji mwilini mwake. Dawa ilikuwa na miiko: asiteke mali, asilale na mwanamke wakati wa vita, asile vyakula fulani.

Habari zilikwenda kwa mnong'ono kutoka nyumba hata nyumba. Watu walikuja kwa makundi, kila kundi na kiongozi wake, na pale Ngarambe walifundishwa hata kutembea kwa safu kama askari. Lakini Kinjikitile aliwaambia wangoje. Wasianze vita mpaka yeye atakapotoa amri. Na hapa twaona mzigo wa kila anayetabiri. Neno likiisha kutoka kinywani si lake tena. Huwa la waliolisikia, nao hulifanya watakavyo.

Katika mwezi wa Julai mwaka 1905 watu wa Nandete huko Umatumbi walichoka kungoja. Waliingia katika shamba la pamba, waking'oa mashina machache, na kitendo hicho kikawa kutangaza vita. Serikali ilimkamata Kinjikitile, ikampeleka Mohoro, na tarehe 4 Agosti 1905 akanyongwa huko pamoja na msaidizi wake. Inasimuliwa kuwa kabla ya kufa aliwaambia Wajerumani kuwa kumwua hakutasaidia kitu, kwa sababu dawa yake imekwisha kufika Kilosa na Mahenge. Katika neno hilo hakukosea.

MAJI YANAPANDA KUJA KWETU

Hivyo maji ambayo Mungu aliyateremsha kutoka bonde letu kwenda Rufiji, sasa yalirudi yakipanda mikononi mwa wajumbe. Wajumbe hao waliitwa kwa jina la yule pepo, yaani hongo. Walipita Ungindo, wakaja Upogoro na Umbunga, wakanyunyiza. Kila walipofika walikuta kodi, walikuta kazi za lazima, walikuta watu waliopigwa viboko. Kwa hiyo walikaribishwa.

Si wote waliokubali. Mtema Kiwanga wa Wabena wa bondeni alisimama upande wa Wajerumani, na Wahehe, waliokuwa wamekwisha kuonja vita hivyo mpaka kifo cha Mkwawa mwaka 1898, hawakuyapokea maji. Kwa hiyo hapa kwetu vita vile havikuwa vya Mwafrika na Mzungu tu. Jirani alipigana na jirani. Leo katika mabenchi ya kanisa letu wameketi vitukuu vya pande zote mbili, nao hupokea Komunio katika kikombe kimoja. Tumshukuru Mungu kwa hilo, maana halikuwa jambo jepesi.

Katikati ya Agosti 1905, kituo kidogo cha askari hapa Ifakara kilishambuliwa na kuangamizwa. Ushindi huo uliwapa watu moyo mkuu. Ukawa kama ule utumbo unaotazamwa ukaonekana mzuri: ishara ni njema, twende. Siku zile zile, tarehe 14 Agosti, Askofu Kassian Spiss wa ndugu zetu Wakatoliki aliuawa karibu na Liwale, yeye na mabruda wawili na masista wawili. Upande wa kusini, wamisionari wetu wa U.M.C.A. walikimbia kutoka Masasi kwenda Lindi, na misheni ya Masasi ikachomwa moto.

Ndipo ikaja siku ya Mahenge. Ilikuwa tarehe 30 Agosti 1905. Ndani ya boma alikuwamo Kapteni von Hassel na askari wapatao 60, na watu mia kadhaa waliomsaidia, na bunduki mbili za rashasha. Nje walikuja maelfu. Hawakutambaa wala hawakujificha nyuma ya miti kama wawindaji wafanyavyo. Walitembea wima uwanjani, kwa safu, maana kwa nini ajifiche mtu ambaye risasi ni maji kwake? Bunduki zilipoanza, walioanguka mbele hawakuwazuia wa nyuma. Kundi lile lilipovunjika, likaja kundi la pili kutoka upande mwingine, nalo likaenda hivyo hivyo. Ilipofika mwisho wa siku uwanja ulikuwa umejaa maiti.

Ndugu zangu, hao walikuwa babu zetu. Mtu asicheke. Tuwafikirie wake zao waliosimama milimani wakisikia bunduki zile, wakingoja kuona kama neno ni kweli.

Boma lilizingirwa mpaka Kapteni Nigmann alipofika kutoka Iringa mwezi Septemba. Na hapo mambo ya mwiko yakafanya kazi yake. Waliokufa walisemwa kuwa walivunja masharti: huyu aliteka mali, yule alilala na mkewe. Dawa yenyewe haikushindwa. Wajane, juu ya machozi yao, wakabebeshwa na aibu kuwa waume zao walikuwa wakosaji. Nilisema mwanzoni mlishike neno hili: uaguzi haushindwi kamwe. Anayeshindwa ni yule aliyeuamini.

NJAA

Vita viliendelea mpaka mwaka 1907, lakini katika sehemu kubwa havikuwa tena vita vya bunduki. Maofisa wa Kijerumani waliona kuwa njaa peke yake itawashinda watu, nao wakaifanya iwe silaha. Vijiji vilichomwa, maghala yalitolewa nafaka, mashamba yaliharibiwa, na watu walikatazwa kupanda mpaka wasalimu amri. Serikali yenyewe ya Kijerumani ilihesabu wafu 75,000. Wanahistoria wa baadaye, miongoni mwao Gilbert Gwassa wa Tanzania, waliona kuwa walikuwa 250,000 hadi 300,000, wengi wao kwa njaa na maradhi. Mahali palipokuwa na vijiji pakawa mwitu, na tembo wakarudi.

Kwa hiyo tukiulizwa nani aliyewaua watu hawa, tusijibu upesi kuwa ni Kinjikitile. Aliyechoma ghala ndiye aliyeua kwa njaa, na Kanisa halina ruhusa ya kulificha jambo hilo kwa kuwa wachomaji walitoka nchi ya Wakristo.

NABII NA NIRA

Katika Maandiko yuko mtu anayefanana na Kinjikitile, naye ni Hanania, katika kitabu cha Yeremia sura ya 28. Wakati ule Yuda ilikuwa chini ya mfalme wa Babeli. Yeremia alivaa nira ya mti shingoni kuwa ishara. Hanania akaja mbele ya watu wote hekaluni, akaivunja ile nira, akatangaza kuwa katika miaka miwili Mungu ataivunja nira ya Babeli vivyo hivyo. Ni nani asiyelipenda neno kama hilo? Hata Yeremia mwenyewe alijibu kwa kusema amina, na kutamani kuwa Bwana afanye hivyo. Hakumchukia Hanania kwa kutaka uhuru. Naye aliutaka. Kosa la Hanania ni kwamba aliwaahidi watu kitu ambacho Mungu hakukisema, na kwa neno lake akawafanya watumaini uongo.

Ndivyo ninavyomwona Kinjikitile. Aliona nira, na nira ilikuwapo. Alitaka ivunjwe, na ilistahili kuvunjwa. Aliwaunganisha watu waliokuwa wakiogopana, na kazi hiyo haikupotea. Mwaka 1956 Mwalimu Nyerere, alipozungumza Umoja wa Mataifa, aliwakumbuka wapiganaji wa Maji Maji kuwa walipigana kwa sababu hawakukubali haki ya wageni kuwatawala. Mwaka 1961 nira ikaondoka kwa njia nyingine, na umoja ule ule wa makabila ndio uliokuwa nguvu yake. Lakini juu ya risasi, Kinjikitile aliahidi kitu ambacho hakikuwa kweli, na watu walikwenda kwa ahadi hiyo wakiwa wima mpaka mbele ya bunduki.

MAJI MAWILI

Kuna tukio moja la mwisho nitakalolieleza. Kule Songea, tarehe 27 Februari 1906, Wajerumani waliwanyonga wakuu wengi wa Wangoni kwa siku moja. Kabla ya siku ile, padre wa Kikatoliki aliingia gerezani, na wengi wa waliohukumiwa walikubali kubatizwa. Wanyongaji hawakuwahurumia kwa sababu hiyo. Waliobatizwa walipandishwa kitanzini kama wengine.

Kwa miaka mingi jambo hili limenisumbua. Watu wale walikuwa wamepewa maji mara mbili. Maji ya kwanza hayakuzuia risasi. Maji ya pili hayakuzuia kamba. Basi tofauti yake ni nini? Mtu mwenye dhihaka atasema hakuna tofauti.

Lakini tofauti imo katika ahadi. Maji ya Ngarambe yaliahidi kuwa hutakufa. Maji ya Ubatizo hayakuahidi hivyo hata siku moja. Mtume Paulo, katika sura ya 6 ya Waraka kwa Warumi, asema kinyume kabisa: kwamba tuliobatizwa tumebatizwa katika mauti ya Kristo, tumezikwa pamoja naye, ili tufufuke pamoja naye. Mkristo hapewi maji ili risasi imkwepe. Hupewa maji ili, risasi ikija, asiwe peke yake. Bwana wetu mwenyewe pale Gethsemane aliomba kikombe kimwondokee, wala hakikuondoka. Hakutafuta ishara. Alimtafuta Baba yake.

Nasema haya kwa sababu maji ya Ngarambe hayajakauka, ila yamebadilishwa jina tu. Siku hizi yamo katika chupa, yana picha, tena huuzwa kwa jina la Yesu. Tarehe 1 Februari 2020 mjini Moshi watu 20 walikufa kwa kukanyagana, walipokuwa wakikimbilia kukanyaga mafuta yaliyosemekana kuwa ya upako. Walikuwa wagonjwa, na wenye madeni, na wenye kutafuta kazi. Shida zao zilikuwa za kweli kama pamba ya Umatumbi ilivyokuwa ya kweli. Na huku vijijini kwetu wapiga ramli huja msimu kwa msimu, wakamtaja bibi kizee fulani kuwa mchawi, kisha wakaondoka na fedha zao, na kuacha ukoo umegawanyika. Asiyepona huambiwa kuwa hakuwa na imani ya kutosha. Mnaisikia sauti ile ile ya mwiko?

Ndugu Mkristo, ukiwa na mtoto mgonjwa, mpeleke hospitali, umwite na Kasisi aje aombe nawe. Ukiwa na jirani mwenye shida, usimwache mpaka aende kwa mpiga ramli kwa sababu hakuna Mkristo aliyemtembelea. Watu wa mwaka 1905 walimwendea Kinjikitile kwa kuwa ndiye peke yake aliyewaambia kuwa ameyaona mateso yao. Kama sisi hatuyaoni mateso ya watu, tusishangae wakimwendea mwingine anayesema ameyaona.

Tena tutakapopita Mahenge, au tutakapovuka mto wetu kwenda upande ule, tuwakumbuke waliolala huko bila makaburi yenye majina. Tumwombe Mungu, ambaye peke yake aijua kesho, awape rehema, awaponye waliobaki na uchungu mioyoni, na atupe sisi ujasiri wa kumfuata bila kudai kwanza kuonyeshwa mwisho wa njia. Amina.